Meka Kumi na Gunia Moja

Kwa miaka mingi nyumba yetu hapa Katuba ilinunua unga wa mahindi kwa meka, kile chombo cha kupimia ambacho kila anayekula bukari, yaani ugali, mjini Lubumbashi anakijua, na sikuwahi kujiuliza kilo moja inanigharimu kiasi gani. Nilijua tu kwamba meka ni faranga 5,000 za Kongo na kwamba gunia la kilo 25, kama yale yanayoingia kutoka Zambia kupitia mpaka wa Kasumbalesa, lilikuwa limefika faranga 55,000. Siku niliposimama mbele ya meza ya unga nikisitasita, mama muuzaji alinikatia shauri: «Papa, hesabu mwenyewe. Meka kumi, gunia moja.» Kwa hesabu yake, meka kumi zilikuwa faranga 50,000, yaani nilikuwa naokoa 5,000. Nikanunua meka moja.

Nilipofika nyumbani niliuweka ule unga juu ya mizani ya jikoni, nikapata kilo 2.1, wala si 2.5 kama maneno yake yalivyotaka. Ndipo nilipokumbuka kitako cha meka kilichobonyea kwa ndani, na jinsi alivyomimina unga taratibu bila kuushindilia, huku nundu iliyosimama juu ikinifurahisha macho. Basi nikagawa: 5,000 kwa 2.1 ni kama faranga 2,380 kwa kilo, ilhali 55,000 kwa 25 ni faranga 2,200 kamili. Tofauti ya 180 kwa kilo inaonekana ndogo, lakini sisi tunakula kilo moja na nusu kwa siku, ambazo ni kilo 45 kwa mwezi, na 45 mara 180 ni faranga 8,100.

Sisemi kwamba yule mama ni mwizi. Gunia lake humpa karibu meka 12, yaani faranga 60,000, na zile 5,000 zinazozidi bei ya gunia ndizo mshahara wake wa kubeba, kukaa juani na kumuuzia mtu ambaye leo ana 5,000 tu mfukoni, mtu ambaye bei ya gunia haimsaidii chochote hata kama ni nafuu.

Mwanangu alitaka kuhakikisha, akageuza hesabu kwa kutafuta faranga 1,000 inanunua gramu ngapi. Alipata gramu 420 kwa meka na 455 kwa gunia, kisha akatangaza kwa ushindi kwamba meka ndiyo rahisi kwa sababu namba yake ni ndogo. Hesabu yake haikuwa na kosa; kosa lilikuwa katika kuisoma, kwa maana ukitafuta faranga kwa kilo unafuata namba ndogo, na ukitafuta gramu kwa faranga unafuata iliyo kubwa. Tangu siku hiyo namlazimisha kuandika jina la kipimo mbele ya kila jibu.

Kwenye dola mambo ni mepesi zaidi. Mwenye duka akisema gunia ni dola 20 au faranga 55,000, anakuambia bila kutaka kwamba kwake dola moja ni faranga 2,750. Kama mbadilisha pesa wa pembeni anatoa 2,800, badilisha kwanza ndipo ulipe kwa faranga. Kama anatoa 2,700, mpe mwenye duka dola zake.

Makala, yaani makaa ya kupikia, ndiyo yaliyonishinda kwa muda mrefu, kwa sababu nilikuwa nayapima kwa kilo, na makala yaliyonyeshewa na mvua huwa mazito bila kuongeza moto hata kidogo. Mama watoto ndiye aliyeona kwamba kipimo kinachofaa ni siku. Gunia la faranga 40,000 lilitupikia siku 20, yaani 2,000 kwa siku. Lile la 33,000, ambalo mimi nilijisifu kulipata, liliisha baada ya siku 15, yaani 2,200 kwa siku. Sasa kila gunia jipya likifunguliwa, yeye huandika tarehe kwenye ukuta wa jikoni kwa kipande cha makala yaleyale, na mimi hukatazwa kupaka chokaa pale mpaka gunia liishe.