Chapa ya ngisi imeshika: beseni la mchanga mwekundu limefanya kazi

Imeshika! Nimegeuza bonge la mchanga kutoka beseni la mchanga mwekundu, nimelilaza kwenye meza ya uani, nikapiga tochi ya simu kwa ubavu, na chapa ikajitokeza. Ni umbo la yai lenye ukingo mkali, limebonyea kwenye uso wa chini wa mchanga, na upande mmoja mistari niliyomchora ngisi kwa wembe inahesabika. Upande wa pili mistari imefutika, lakini ukingo upo mzima. Ngisi mwenyewe hayupo tena. Kilichobaki ni ngozi nyeusi, nyembamba, iliyogandamana na chembe za mchanga, na hiyo ndiyo niliyokuwa naitafuta muda wote huu.

Mnaofuatilia mradi huu mnajua kinachonikosesha usingizi: naiga kwa ngisi namna viumbe laini wa kale walivyoacha chapa zao kwenye mawe. Viumbe vingi vya kipindi cha kale cha Ediakara havikuwa na mfupa, gamba wala jino. Dickinsonia, mmoja wao, alikuwa mwili laini mtupu, unene wa milimita chache, na wakubwa wao walizidi urefu wa mita moja. Hata hivyo katika vilima vya Ediacara, Australia Kusini, ambako mwanajiolojia Reg Sprigg aliona chapa za miili laini mwaka 1946, viumbe hawa wamebaki kwenye mawe ya mchanga. Mchanga, si matope laini yanayoshika kila unyoya! Mwache konyeza ufukweni Kunduchi leo asubuhi, jua likimpiga mpaka jioni hupati hata pa kumwonyesha mtu. Vipi basi mwili wa namna hiyo uache alama inayodumu zaidi ya miaka milioni 550?

Na huyu si kiumbe wa pembeni. Mwaka 2018 kundi la mtafiti Ilya Bobrovskiy lilichambua mabaki ya Dickinsonia ya miaka milioni 558 kutoka Bahari Nyeupe, Urusi, likakuta mafuta ya jamii ya kolesteroli, kitu kinachoonyesha kwamba alikuwa mnyama. Hapa mjini ukitaja visukuku mtu anakutajia Zinjanthropus wa Oldupai au dinosaria wa Tendaguru, na ni haki yetu kujivunia. Lakini Tendaguru ni miaka kama milioni 150. Hawa ninaowazungumzia ni wakongwe karibu mara nne ya hapo, na bila kuwaelewa huwezi kusimulia wanyama walianzaje.

Maelezo ninayoyajaribu ni ya mtafiti wa visukuku Jim Gehling, aliyoyatoa mwaka 1999. Sakafu ya bahari enzi hizo ilitandazwa utando wa bakteria, mfano wa utandu wa maziwa yaliyochemka, ila mgumu zaidi. Dhoruba ilipomwaga mchanga, ilifunika utando pamoja na viumbe waliolala juu yake. Chini huko hakuna oksijeni, kwa hiyo wanaoozesha ni bakteria wanaotumia salfeti ya maji ya bahari na kutoa gesi ile ya mayai viza. Gesi ikikutana na chuma inatengeneza salfaidi ya chuma, nyeusi, na hiyo inaugandisha uso wa chini wa mchanga kabla mwili haujaporomoka. Ni barakoa ya maiti, imetengenezwa na maiti mwenyewe akisaidiana na bakteria. Kuna watafiti wanaosema kazi kubwa ilifanywa na silika (madini yanayounda kwarzi) iliyokuwa nyingi baharini, na hoja yao ina nguvu, ila hiyo siwezi kuipima kwenye beseni.

Sasa, tatizo. Chini naweka utando na matope yake, juu yake kipande cha ngisi nilichokikata umbo la Dickinsonia, juu kabisa mchanga wa vidole viwili, halafu maji ya chumvi. Naacha. Nikishamwaga maji na mchanga ukakauka, nadondoshea gundi ya mbao iliyolegezwa kwa maji mpaka bonge lishikane, kisha nageuza. Na kila nilipogeuza, uso mtupu! Nimebadilisha unene wa mchanga, nimebadilisha ukali wa chumvi, nimechekecha mchanga mpaka ukawa laini kama wa saa ya mchanga, nimenunua soko la samaki la Feri ngisi wa kutoka majini asubuhi hiyo hiyo badala ya wa kwenye barafu. Nimejaribu konyeza pia, huyo ndiyo hafai kabisa, joto la Dar linamyeyusha kabla hujamaliza kumfunika. Mtupu, mtupu, mtupu. Inakatisha tamaa kusubiri wiki nzima na harufu ile halafu ugeuze jiwe lisilo na neno.

Kilichonifungua macho ni rangi. Utando chini ulikuwa mweusi tii, harufu yake inakuarifu kwamba gesi ipo ya kutosha. Lakini mchanga juu yake ulibaki mweupe vilevile. Gesi inapita, haikuti cha kushikana nacho! Mchanga wetu wa pwani umeoshwa na mawimbi mpaka umebaki kwarzi na vipande vya makombe na matumbawe, chuma chake ni kidogo mno. Mchanga mwekundu wa kule Pugu ni habari nyingine, kila chembe imevaa koti la kutu, na kutu ni chuma. Nikauosha kwenye ndoo kuondoa udongo wa mfinyanzi, nikabakiza chembe, nikafunika ngisi kwa huo. Baada ya siku chache, ubavuni mwa beseni (tumieni beseni la plastiki angavu, nimesema mara nyingi), duara jeusi lilianza kutoka kwa ngisi na kupanda kwenye mchanga. Simon Darroch na wenzake walichapisha mwaka 2012 jaribio la mizoga juu ya utando, nao waliona weusi wa namna hii ukizunguka mzoga. Kuuona kwa macho yangu, uani kwangu, ni furaha ambayo sina namna ya kuipunguza.

Jambo jingine: weusi haukai. Ukifika hewani unaanza kugeuka kahawia, salfaidi inarudi kuwa kutu. Chapa za Australia nyingi zina doa jekundu la kutu kwenye uso wake, na sasa naelewa kwa mikono linatoka wapi. Pigeni picha mapema.

Kuhusu vifaa. Gundi ya mbao inashinda vanishi, vanishi inaziba juu na haishuki. Jipsamu ya dari inatosha kabisa kunakili chapa, msipoteze hela kwa silikoni ya bomba kwenye vitu vidogo, inavuta chembe na kuharibu ukingo. Taa ya juu haina maana, mwanga utoke ubavuni tena chini sana. Na kazi yote ifanyike nje, gesi ile ni sumu, si harufu tu.

Utando nautoa kwenye mashamba ya chumvi, Kunduchi. Mzee mmoja anayevuna chumvi pale ndiye aliyenisaidia kuliko machapisho yote niliyosoma. Nilimwamkia, nikamweleza nataka ule ukoko wa kijani wenye weusi chini.

“Marahaba. Hapa hupati, mwanangu,” akasema. “Hapa maji bado mepesi, konokono wameshaula. Nenda vidimbwi vya mwisho, kule maji makali, konokono hawezi.”

Nilichukua, nikashukuru, nikaondoka. Lakini kauli hiyo imekataa kutoka kichwani, na imevuruga ratiba yangu yote. Hatua iliyofuata ilikuwa majivu ya volkano, kuiga Mistaken Point kule Newfoundland, Kanada, ambako viumbe wa miaka milioni 565 hivi walifunikwa na majivu. Baadaye nilipanga kuchonga Rangea, kiumbe mwingine wa Ediakara, wa Namibia. Vyote nimeviweka kando, kwa sababu mzee ameeleza kwa sentensi moja jambo ambalo mtaalamu wa visukuku Adolf Seilacher alilijengea hoja nzito: utando ulitawala sakafu ya bahari kwa kuwa hapakuwa na wa kuula wala kuuchimbua. Mpaka wa chini wa Kambriani, kipindi kinachofuata Ediakara, karibu miaka milioni 539 iliyopita, umewekwa Fortune Head, Newfoundland, kwa kufuata njia za mnyama mchimbaji, Treptichnus pedum. Wachimbaji walipoongezeka, utando ukarudi nyuma, na nafasi ya mwili laini kuacha chapa kwenye mchanga ikapungua sana. Leo utando mnene umebaki kwenye makimbilio kama vidimbwi vile vya mwisho.

Kwa hiyo sasa nina mabeseni mawili, mchanga mwekundu ule ule, ngisi aliyekatwa kwa kielelezo kimoja, utando kutoka kidimbwi kimoja. Moja nitalipunguza chumvi na kuwaachia konokono utando kwanza, ndipo nimlaze ngisi na kufunika. Jingine sitaligusa. Nikipata ukingo kwenye hili la pili na uso mtupu kwenye lile la konokono, nitarudia kwa minyoo ya matope ya mikoko, maana konokono anakwangua juu tu na minyoo ndiyo inayopenyeza oksijeni chini.

Mlioko Bagamoyo, Tanga au Lindi karibu na mashamba ya chumvi: pimeni chumvi ya kidimbwi cha mwisho chenye konokono na cha kwanza kisicho nao, mniandikie vipimo vyote viwili. Mimi nina vya Kunduchi peke yake, na kabla sijaamua nipunguze chumvi kiasi gani nataka kulinganisha.