Kesho Pazia Linafunguliwa: Siku Moja Maishani Mwangu

Saa 11 alfajiri naamka kabla simu haijalia. Usiku kucha nimekuwa namuwaza hakimu. Hakimu mwenyewe ni mzee wetu wa miaka 74 katika kikundi cha maigizo ninachokiongoza, na kesho anapanda jukwaani kuamua kesi ya majirani wawili wanaogombania ukuta. Jana kwenye mazoezi alisahau maneno mara sita. Mara ya sita alishuka bila kusema kitu, akachukua koti lake, akaenda zake. Wiki hii watu watatu wamenijia, kila mmoja kwa wakati wake na kwa upole kabisa, kunishauri nafasi hiyo nimpe mtu mwingine.

Mzee huyu ndiye aliyeingiza kiti cha kwanza ukumbini, miaka 16 iliyopita. Hapo ukumbi ulikuwa ghala tupu lenye harufu ya mafuta ya mashine, nami nilikuwa nimebandika karatasi mlangoni: njoo uigize, hakuna mtihani. Walikuja watu tisa. Tisa tu, na viti havikuwepo. Yeye akarudi nyumbani, akaja na cha kwake kichwani.

Saa 2 asubuhi niko ofisini, yaani kona ya stoo ya maleba, kati ya magauni ya malkia na makoti ya askari. Kwanza fomu ya mfadhili. Anataka idadi ya "wanufaika". Najaza, ila neno hilo halinikai moyoni. Fundi bomba anayetoka kazini jioni, hajapumzika, akaja kupigilia mbao za jukwaa letu hadi usiku, huyo kweli ni wa kuandikwa chini ya "wanufaika"?

Halafu nafunga hesabu za haki za waandishi. Tukicheza Shakespeare, aliyefariki 1616, hatudaiwi na mtu. Mwandishi aliye hai, au ambaye haki zake bado zina ulinzi wa sheria, lazima tumwombe kibali na mara nyingi tulipe ada ya kila onyesho. Najua vikundi vinavyoruka hatua hii kwa kisingizio kwamba ni vya mtaani na havina faida. Sikubaliani navyo hata kidogo. Tamthilia ni jasho la mtu. Mchezo wa kesho tumeutunga wenyewe: miezi minne ya kukusanya visa vya majirani, kuviigiza papo kwa papo, na kuandika kilichosimama.

Saa 4 nawapokea wageni, watu 11 ambao hawajawahi kupanda jukwaani. Kila kundi jipya nalianzia na habari ya Kamĩrĩĩthũ, kule Limuru, Kenya. Mwaka 1977 wakulima na wafanyakazi wa kijiji hicho walijenga jukwaa la wazi kwa mikono yao, wakaikosoa tamthilia iliyoandikwa na Ngũgĩ wa Thiong'o na Ngũgĩ wa Mĩriĩ mpaka ikazungumza kama wao, wakaicheza kwa Kigĩkũyũ. Baada ya wiki chache serikali ikaipiga marufuku. Mwisho wa mwaka huo Ngũgĩ wa Thiong'o akatiwa kizuizini, na mwaka 1982 ukumbi wenyewe ukabomolewa. Nawaambia wageni: mnaona jinsi mkulima anayeigiza maisha yake alivyotisha?

Kisha tunafanya zoezi la Augusto Boal, Mbrazili aliyemruhusu mtazamaji asimamishe mchezo na kuchukua nafasi ya mwigizaji. Tunaigiza bosi anayemkata mfanyakazi mshahara. Tunarudia mara mbili, kimya. Mara ya tatu mama mmoja aliyekaa karibu na mlango, mkoba mapajani muda wote, anasema "Simameni" kwa sauti ndogo. Anapanda. Hamfokei bosi. Anavuta kiti, anakaa mbele yake na kumwambia, "Nihesabie. Siku kwa siku." Bosi wetu wa kuigiza anaanza kuhesabu kwa vidole, anafika siku ya nne, anakwama. Mkoba wa yule mama ameusahau sakafuni.

Mchana unapita kwenye ngazi: taa mbili zimeungua, waya mmoja umepita njiani nauhamisha, mlango wa dharura naufungua na kuufunga mara tatu. Tunajaza viti 90. Usalama wa watazamaji siuachii bahati.

Saa 9 alasiri binti wa vifaa anapanga meza ya hakimu: rungu, miwani, na faili kuukuu la kahawia alilookota stoo. Natazama lile faili hadi ananiuliza, "Mama, nimekosea?" Hapana, mwanangu. Umeniokoa. Nachapa maneno yote ya hakimu kwa herufi kubwa, nayabandika ndani kurasa kwa kurasa, ushahidi kwa ushahidi. Nampigia mzee simu.

Anafika amevaa koti, hakai. "Mwanangu, kama unanionea huruma, niondoe."

"Sikuonei huruma, mzee. Hakimu gani anaamua kesi bila faili?"

Analifungua. Anasoma ukurasa wa kwanza wote, midomo ikicheza. Anafika wa tatu, ananionyesha kwa kidole mahali niliporuka sentensi. Nilikuwa nimeiruka kweli. Yeye hakuwa ameyasahau maneno. Alikuwa anaogopa kuyasahau, na hofu hiyo ndiyo iliyokuwa inayameza.

Saa 12 jioni mazoezi ya mwisho yanaanza, maleba na taa kamili. Nakaa safu ya nyuma. Hakimu anaingia, anaweka faili mezani, analinyoosha kwa kiganja. Kesi inakwenda. Kwenye hukumu ananyamaza, na nahisi ukumbi mzima umebana pumzi. Halafu anageuza ukurasa, polepole, kama mtu mwenye mamlaka yote ya dunia, anamtazama jirani wa kwanza, anamtazama wa pili, anatoa hukumu bila kuinamisha macho. Kimya kile sikukiandika popote. Nimemwambia akibakize.

Katika wale watatu walionishauri nimbadilishe, mmoja ndiye jirani wa pili. Baada ya mazoezi namwona anamshika mzee mkono kushuka ngazi, wakibishana kwa nguvu juu ya ukuta ule ni wa nani hasa.

Saa 4 usiku nazima taa moja moja. Napita meza ya hakimu kukusanya vifaa vifungiwe stoo. Rungu lipo. Miwani ipo. Faili halipo, mzee ameondoka nalo kwapani.