Theluthi ya mdogo wangu

Shuleni mdogo wangu hesabu zilimshinda. Gerezani kazijua. Wiki iliyopita nilipokwenda kumwona, hata hali ya mama hajauliza, akaanza: "Dada, theluthi ya thelathini ni kumi. Parole ikinikubali, 2029 niko nyumbani."

Nilikuwa nimembebea sabuni, dawa ya meno, na karatasi moja niliyochapisha stationery, yenye masharti ya Sheria ya Bodi za Parole ya 1994, ile ya kutoka gerezani kabla ya kumaliza kifungo. Sabuni na dawa ya meno nilikabidhi. Karatasi ilibaki kwenye pochi.

Alifungwa 2019, miaka 30, kusafirisha bangi. Pikipiki ya mtu, mfuko wa mtu, na ujira ambao mpaka leo hajauona. Simtetei, alijua amebeba nini.

Masharti yenyewe si magumu kuyaelewa. Kifungo kiwe cha miaka minne au zaidi, uwe umeshatumikia theluthi moja, na mwenendo wako ndani uwe mzuri. Bodi ya mkoa inakujadili, Bodi ya Taifa inakupitia, jina linapanda kwa Waziri wa Mambo ya Ndani. Ukikubaliwa unamalizia kifungo uraiani kwa masharti, na ukiyavunja unarudishwa. Mimi neno parole nililisikia mara ya kwanza kwa marehemu mzee Mrema, enzi zile ni mwenyekiti wa Bodi ya Taifa. Nikaona ni siasa tu, nikahamisha chaneli. Wakati huo sikuwa na mtu ndani.

Halafu zinakuja "asiwe" zake. Asiwe amefungwa maisha. Asiwe na kosa la unyang'anyi wa kutumia silaha. Asiwe na kosa la biashara ya dawa za kulevya.

Hapo ndipo ninapogombana na ile karatasi. Muuzaji papa akinaswa na mzigo mkubwa wa unga, anafungwa maisha, na maisha hayana theluthi. Huyo mlango umeshamfungia tangu "asiwe" ya kwanza. Sasa hii ya dawa za kulevya imewekwa kwa ajili ya nani? Kwa mwenye kifungo kinachohesabika. Dagaa. Kijana wa pikipiki.

Msije mkadhani sijui madawa. Binamu yetu alikula unga mpaka akang'oa mlango wa choo cha baba yake akauuza. Tulitundika khanga pale mlangoni miezi mitatu, na msiba wake ukatukuta khanga bado ipo. Hasira iliyoandika ile sheria naijua, hata mimi ninayo. Ila ninayemchukia ni aliyemuuzia binamu yangu, na huyo sijawahi kumwona kwenye foleni ya mahabusu.

Mwaka jana jirani yake wa kulala alitoka kwa parole. Aliua bila kukusudia, ugomvi wa kilabuni. Mdogo wangu alinisimulia kwa furaha kabisa, jinsi walivyoagana, jinsi yule mwenzie alivyomwachia ndala zake. "Kwa hiyo inawezekana, dada." Nami nikaitikia, inawezekana.

Msamaha wa Rais nao hivyohivyo. Kila 9 Desemba, Siku ya Uhuru, mama anasogeza redio karibu, na tangazo likifika kwenye "isipokuwa" anaizima, anakwenda kuangalia kuku. Kilichobaki ni ile theluthi ya kupunguziwa kwa tabia njema: atumikie ishirini, yaani 2039. Mama sasa ana miaka 71. Hiyo hesabu nimeifanya mwenyewe, usiku, na sijamwonyesha mtu.

Kabla afande hajasema muda umeisha, mdogo wangu aliniomba kitu kimoja: nipate barua ya mwenyekiti wa kijiji, kwamba wako tayari kumpokea, ili siku ikifika isije ikakosekana. Ningemwambiaje?

Jumatatu nikaenda. Mwenyekiti hakuuliza mengi. Aliandika kwa mkono, akakosea tarehe, akachana, akaandika upya. Akapiga muhuri mara mbili kwa sababu wa kwanza wino haukukolea. Nilipotoa cha soda akakataa, akasema msalimie sana, mwambie hata ile timu yetu imekosa golikipa.

Barua nimeikunja pamoja na ile karatasi. Jumapili narudi kumwona.