Mtihani wa Uraia wa Ujerumani: Nilivyoupita Bila Kukariri Herufi

Kila Mswahili anayeomba uraia hapa Ujerumani huambiwa maneno yaleyale: pakua programu kwenye simu, kariri A, B, C, D kwa wiki moja, nenda katie alama, kisha sahau. Nimeyasikia mpaka nimechoka. Mmoja alitaka hata kuniuzia karatasi za maswali kwa zaidi ya euro mia, na karatasi hizo BAMF, idara ya serikali inayoshughulikia uhamiaji, imeziweka kwenye tovuti yake bure kwa kila mtu. Usinunue!

Mtihani wenyewe si mkubwa. Maswali 33, kila moja na majibu manne, dakika 60, ukipata 17 umepita. Yanatolewa katika orodha ya maswali 310: 300 ya nchi nzima na 10 ya jimbo unaloishi, na ya jimbo yatakayokuja ni matatu. Ada ni euro ishirini na kitu. Kwa hiyo ni kweli, mtu akikariri anaweza kupita. Mimi nilitaka zaidi ya hapo. Wanangu watapiga kura katika nchi hii, wakiniuliza kwa nini mambo yako hivi sitaki kuwajibu "ni C". Na nilipata 32, alhamdulillahi, kwa njia nitakayoisimulia.

Kilichowashinda wengi ninaowajua ni miaka. Orodha ile imeichanganya: umetoka 1949, unakutana na 1933, mara 1961. Nilipoanza kusoma historia kwa utulivu niliona tarehe moja inarudi na kurudi: 9 Novemba. Nikaifanya kamba, na miaka mingine yote nikaianika hapo kama kanga.

Kamba inaanzia 1918, na inaanzia hapahapa Kiel ninapoishi. Mabaharia wa jeshi la majini waliasi mwanzoni mwa Novemba, wamekataa kupelekwa kufa katika vita iliyokwisha kushindwa. Siku chache tu, uasi umefika Berlin, Kaiser Wilhelm wa Pili, mfalme wa Ujerumani, hana kiti tena, na tarehe 9 mwanasiasa Philipp Scheidemann anatangaza jamhuri kwenye dirisha la Reichstag, jengo la bunge. Hiyo ndiyo Jamhuri ya Weimar. Tarehe hiyohiyo 1923, Hitler anajaribu kupindua serikali kule Munich na kushindwa. Tarehe hiyohiyo 1938, tayari yeye ndiye mtawala, masinagogi yanachomwa moto nchi nzima na maduka ya Wayahudi yanavunjwa. Na tarehe hiyohiyo 1989 Ukuta wa Berlin unafunguka: Günter Schabowski, mkubwa katika chama tawala cha Ujerumani Mashariki, anasoma mbele ya waandishi wa habari tangazo la ruhusa ya kusafiri, anaulizwa linaanza lini, anapekua karatasi zake na kujibu kwamba kwa ajuavyo ni sasa hivi, bila kuchelewa. Watu wakamiminika mipakani, na usiku huo askari wa Bornholmer Straße wakafungua lango.

Ukishakuwa na hiyo minne, mingine inajipanga yenyewe. Hitler kuwa kansela, yaani mkuu wa serikali, Januari 1933, lazima kukae kati ya 1923 na 1938. Kati ya 1938 na 1989 weka mwisho wa vita 1945, Katiba ya Ujerumani Magharibi 23 Mei 1949 na kuundwa kwa DDR, yaani Ujerumani Mashariki, Oktoba mwaka huohuo, uasi wa wafanyakazi wa Mashariki 17 Juni 1953, na kujengwa kwa ukuta 13 Agosti 1961. Muungano ni 3 Oktoba 1990, na hiyo ndiyo sikukuu ya taifa. Ukijua yaliyotokea 1938 hutauliza kwa nini sikukuu haikuwekwa 9 Novemba.

Mwalimu wangu wa kweli lakini alikuwa bibi mmoja. Nafanya kazi kwenye nyumba ya wazee, na yeye ni miongoni mwa wakazi wetu. Namwita "Frau" na jina la ukoo kama adabu ya hapa inavyotaka, moyoni ni bibi yangu. Amezaliwa Königsberg, mji ambao leo ni Kaliningrad, kipande cha Urusi kilichokaa peke yake kati ya Poland na Lithuania. Mwaka 1945, bado mtoto mdogo, alivuka Bahari ya Baltiki kwa meli pamoja na mama yake wakikimbia jeshi la Kisovieti. Waliofika hivyo walikuwa wengi mno: wakazi wa jimbo letu la Schleswig-Holstein waliongezeka kwa zaidi ya milioni moja. Nilipomwambia nina mtihani, alidai nimletee ile orodha, akawa ananiuliza kila wakati wa chai ya alasiri. Nikijibu sawa harakishi kwenda mbele; anataka nieleze.

Siku moja tukafika kwenye swali la Willy Brandt, kansela aliyepiga magoti Warsaw mwaka 1970 mbele ya mnara wa kumbukumbu ya Wayahudi wa geto, mtaa waliofungiwa na Wanazi. Swali linataka ujue alikusudia nini: kuomba msamaha kwa yaliyotendwa na Wanazi. Bibi akaiweka karatasi chini. Akaniambia mume wake alikasirika siku ile, aliona ni kujidhalilisha. Yeye alienda jikoni akalia. Programu gani ya simu itakupa hilo? Kama unafanya kazi na wazee, au jirani yako ni mzee, muulize. Wengi wanangojea kuulizwa.

Majirani wa Ujerumani ni tisa, na watu huyataja ovyo ovyo halafu wanasahau Luxemburg. Zunguka kama mshale wa saa ukianzia juu: Denmark, Poland, Ucheki, Austria, Uswisi, Ufaransa, Luxemburg, Ubelgiji, Uholanzi. Ukifika baharini umemaliza.

Ramani hiyo ndiyo iliyonikutanisha na kwetu. Mimi ni wa Lamu. Kisiwa kidogo cha Helgoland, katika Bahari ya Kaskazini, ni sehemu ya jimbo hili, na kilikuwa cha Waingereza mpaka mkataba wa 1 Julai 1890. Katika mkataba huo Ujerumani ilipewa Helgoland, nayo ikaachia Witu, nyuma tu ya Lamu, ambako ilijiita mlinzi tangu 1885 kwa mikataba ya ndugu wawili Denhardt na Sultani Ahmed, yule aliyeitwa Simba. Pia ikakubali Zanzibar iwe chini ya ulinzi wa Uingereza. Wazee wetu hawakuulizwa. Hili halikunipa alama hata moja, ila baada ya kulijua sikuiona tena historia hii kuwa ya watu wengine.

Siasa nitapita haraka. Bundestag, yaani bunge, huchaguliwa na wananchi kila miaka minne, na ndiyo inayomchagua kansela. Bundesrat ni baraza la serikali za majimbo 16. Wakenya wenzangu, msiifananishe na Seneti yetu, kwa sababu wajumbe wake hawapigiwi kura, wanatumwa na serikali za majimbo. Kwa kawaida chama kinahitaji asilimia 5 ya kura kuingia bungeni, lakini sharti hilo haliwabani vyama vya makabila madogo kama SSW cha Wadenmark wa huku kwetu, ambacho kilipata kiti 2021. Na kwa Ulaya: Umoja wa Ulaya una nchi 27 tangu Uingereza itoke 2020. Baraza la Ulaya la Strasbourg ni chombo kingine kabisa, lina nchi 46, Uingereza ikiwemo. Maswali ya jimbo usiyaache mwisho; ni kumi tu na yanakupa alama tatu. Moja linauliza waziri ambaye jimbo halina. Ni wa mambo ya nje.

Siku ya mtihani nilimaliza mapema sana, nikarudia yote tangu mwanzo, nikatoka. Cheti kilikuja kwa posta baada ya wiki kadhaa, nikakipeleka pamoja na cheti cha lugha cha B1. Sheria ya Ujerumani iliyoanza 27 Juni 2024 inakuruhusu kubaki na uraia wako wa zamani, na katiba ya Kenya ya 2010 nayo inaruhusu, kwa hiyo pasipoti yangu ya Kenya sikuiachia. Ndugu zetu wa Tanzania, kwenu uraia pacha hauruhusiwi, basi zungumzeni na ubalozi kwanza kabla ya kutia saini fomu yoyote.