Sauti wameichukua, na sura pia

Nimelelewa kambini Bombo. Baba alikuwa askari kutoka Mbale, mama ni wa Arua, na Kiswahili ndicho walichokutania, kwa hiyo ndicho tulichonyonya. Nje ya geti kulikuwa na kibanda cha video: mabati, turubai jeusi mlangoni, mabenchi ya mbao, jenereta ikinguruma nyuma. Shilingi 200 unaingia.

Asiyewahi kuingia kibandani Uganda nimweleze. VJ ana maikrofoni na kimashine cha kuchanganyia sauti. Mwigizaji akifungua mdomo, VJ anashusha sauti ya filamu na kupachika Kiganda chake. Nawapenda maVJ, wale wametusomesha dunia nzima. Lakini waigizaji wote wa Marekani walinifikia na sauti moja, ya mwanaume mmoja wa Kampala. Nikazoea kutazama mikono. Mabega. Namna mtu anavyongoja zamu yake ya kusema.

Ndivyo nilivyokutana na mwigizaji CCH Pounder, kwenye filamu ya Face/Off ya 1997. Ana nafasi ndogo, Hollis Miller, mmoja wa wachache wanaojua siri ya wale wanaume wawili waliobadilishana sura. Wenzangu walitazama bastola na njiwa. Mimi nilimtazama mama huyu mweusi anayesimama kama mtu mwenye funguo za jengo zima. VJ hakumpa hata jina. Kibandani sote tulijua steringi hafi. Hawa wengine hufa njiani na hakuna anayewawekea tanga.

Miaka ikapita, ikaja Avatar. Kuna mama wa ukoo, Mo'at. Anamsogelea yule mgeni, anamdunga kidogo, anaonja damu yake. Sura imefunikwa na ile ya kibuluu iliyotengenezwa kwa kompyuta, na sauti, kama kawaida, VJ ameshaichukua. Kilichobaki ni mwendo peke yake. Anavyozunguka mtu bila haraka, kidevu kikitangulia. Nikamgusa mdogo wangu: "Huyu ni yule mama wa Face/Off." Akanicheka. Kesho yake nikaenda kwenye kafe ya intaneti Wandegeya, nikalipia nusu saa, na ni yeye.

Nusu saa ile nilijua mengi. Kazaliwa Georgetown, Guyana, Krismasi ya 1952. Kasoma Uingereza, kisha Ithaca College, New York. Filamu yake ya kwanza, All That Jazz ya 1979, alikuwa nesi. Tangu hapo ni daktari, mpelelezi, mtawa, mama wa mtu. Ameteuliwa tuzo za Emmy, zile za televisheni za Marekani, mara 4, na hakupewa hata moja. Mara ya mwisho, 2009, ni kwa kipindi kilichopigwa Botswana, The No. 1 Ladies' Detective Agency, akiwa Mmarekani anayetafuta kilichompata mwanawe aliyepotelea huko. Sikubaliani na majaji wale, na nasema hivyo kwa moyo wote.

Leo mimi mwenyewe naigiza. Nimekuwa nesi mara tatu, mama mkwe, muuza ndizi, jirani wa kuchungulia dirishani. Mwaka juzi mwongozaji mmoja aliniambia uso wangu si wa kuwekwa kwenye bango, akanipunguzia mistari kutoka kumi na miwili hadi miwili. Nililia kwenye teksi mpaka Bwaise. Usiku ule nilitazama tena sehemu ya mwisho ya The Shield, tamthilia ya polisi, ya 2008, safari hii bila VJ. Pounder ni Claudette Wyms, mkuu wa kituo, mgonjwa wa lupasi. Anasoma barua ya polisi aliyejiua baada ya kuua mke na mtoto wake. Mbele ya polisi aliyekuwa mwenzake marehemu anaweka picha za maiti mezani. Sauti yake, ambayo utotoni sikuwahi kuisikia, ni nzito na haipandi. Kisha anamwacha mtu yule na zile picha. Nilirudisha nyuma pale mara sita, natazama tu vidole vinavyoachia karatasi.

Jumatatu tunapiga sini ya msiba Kawempe. Nina maneno mawili: "Mumlaze hapa." Skripti haisemi mwanamke huyu ni nani kwa marehemu. Nimeamua ni shangazi yake, ndiye aliyemlea. Nimemwomba dada wa mavazi leso iliyofuliwa hadi maua yamefifia. Mkeka nitakwenda nao mwenyewe, ule wa mama, wenye kona moja isiyokubali kulala. Jeneza likiwa linaingia, nitakuwa nimepiga magoti, nainyoosha ile kona.