Tundu tumboni mwa Alexis St. Martin

Wanaosoma uuguzi hapa Bukavu hufundishwa mapema kwamba tumbo huyeyusha chakula kwa asidi. Miaka ya 1820 madaktari walikuwa bado wanabishana: wengine walisema chakula huoza tumboni, wengine kwamba husagwa tu. Aliyepata ushahidi ni William Beaumont, daktari wa jeshi la Marekani katika ngome za mpakani. Aliyeulipia kwa mwili wake ni Alexis St. Martin, na majina yao yafundishwe pamoja.

Tarehe 6 Juni 1822, katika duka la American Fur Company, kampuni ya biashara ya ngozi, kisiwani Mackinac huko Michigan, Marekani, bunduki ya marisau ilifyatuka kwa bahati mbaya. Alexis, kijana wa Canada aliyefanya kazi katika biashara ya ngozi, alikuwa karibu mno. Mbavu zilivunjika, kipande cha pafu kikatokeza, tumbo likatoboka na chakula cha asubuhi kikamwagika. Beaumont hakutegemea angepona. Akapona, ila kingo za tumbo ziligandamana na kidonda badala ya kuziba, ikabaki fistula, yaani tundu lisilofunga. Fistula zinazotibiwa hapa katika hospitali ya Panzi ni za aina nyingine, lakini taabu ya kuishi na tundu lisilofunga inaeleweka mjini kwetu. Mwanzoni tundu la Alexis lilizibwa kwa vitambaa na bendeji ili chakula kisitoke. Baadaye mkunjo wa tumbo lenyewe ukalifunika kwa ndani. Ukiusukuma kwa kidole, unaona tumboni.

Tarehe 1 Agosti 1825, saa sita mchana, Beaumont alifunga kwenye uzi wa hariri vipande vya nyama ya ng'ombe, nyama ya nguruwe yenye mafuta, mkate na kabichi mbichi, akaviingiza tunduni. Saa saba, kabichi na mkate vilikuwa vimeyeyuka karibu nusu, nyama bado. Saa nane, nyama iliyochemshwa nayo ilikuwa imekwisha. Kesho yake Alexis aliumwa kichwa, na ukuta wa tumbo ulikuwa na madoa meupe. Dawa alitiwa kupitia tundu lilelile.

Jaribio lenye uzito zaidi lilifuata: kunyonya maji ya tumbo kwa mrija wa mpira, kuyatia chupani pamoja na nyama, na kuiweka chupa katika maji ya nyuzi 100 za Fahrenheit, yaani karibu 38 za Selsiasi. Nyama iliyeyuka humo pia, ingawa polepole kuliko tumboni. Basi kazi ilikuwa ya kemia. Profesa wa tiba Robley Dunglison alitambua asidi ya hidrokloriki ndani ya maji hayo, na mwaka 1836 Theodor Schwann akagundua pepsini, kimeng'enya cha tumbo kinachosaidiana na asidi hiyo kuyeyusha nyama.

Mkataba wa 1832 ulimpa Alexis dola 150 kwa mwaka, pamoja na chakula na malazi. Hakujua kuandika, akatia alama tu. Mwaka 1834 alirudi Canada, na Beaumont alimwita kwa miaka mingi bila kumpata. Naona alikuwa na haki kukataa. Beaumont alikufa mwaka 1853, Alexis mwaka 1880. Ndugu zake walichelewesha mazishi makusudi mpaka mwili uharibike, ili madaktari waliolitaka tumbo lake wasilipate.