Majina Mazuri na Miraba ya al-Buni

Assalaamu alaykum ndugu zangu. Wiki hii tuizingatie Aya ya 180 ya Surat Al-A'raf, inayotufundisha kwamba Mwenyezi Mungu ana majina mazuri, na kwamba tumwombe kwayo.

Aya hii ilimshughulisha pia Ahmad al-Buni, sufi aliyenasibishwa na mji wa Buna, ambao leo ni Annaba nchini Algeria, na ambaye kwa kauli mashuhuri alifariki mwaka 622 Hijria, yaani 1225. Kitabu chenye jina lake, Shams al-Ma'arif, hutajwa kwa kunong'onezana kana kwamba kimejaa majini matupu, ilhali sehemu kubwa yake imejengwa juu ya Asmaul Husna, yaani hayo majina mazuri: herufi za jina hugeuzwa hesabu kwa abjadi, utaratibu unaoipa kila herufi ya Kiarabu thamani ya namba, hesabu zikapangwa katika miraba yenye visanduku, na miraba ikaandikwa kwa saa inayoafikiana na nyota. (Nakala kubwa inayouzwa siku hizi, kwa mujibu wa watafiti, ilikusanywa karne nyingi baada yake, kwa hiyo si haki kumtwika yote yaliyomo.)

Hapo ndipo penye mtihani. Anayekufuru waziwazi hutambulika upesi. Lakini anayeandika "Ya Latif" (Ewe Mpole) kwa zafarani, huku moyo wake ukiitegemea saa na wino kuliko Al-Latif mwenyewe, aweza kudhani bado anaomba dua. Mwanahistoria Ibn Khaldun, katika kitabu chake Muqaddima alichokikamilisha 1377, alimtaja al-Buni kwa jambo hilohilo: kuchanganya nguvu ya majina na nguvu ya nyota ni kusogelea kazi ya talasimu, yaani uchawi wa kutegemea nguvu za nyota. Naona alipima sawasawa.

Imam al-Ghazali, aliyefariki 1111, kabla ya al-Buni, ametaja mraba wa nyumba (visanduku) tisa ambao kila safu yake hujumlisha 15, ukiandikwa juu ya vitambaa viwili visivyoguswa na maji, mwanamke mwenye uchungu mzito wa uzazi akautazama kisha akauweka chini ya nyayo zake ili ajifungue upesi. Hakuutaja ili kuunadi. Aliwaelekea watu waliokuwa tayari kusadiki kwamba tarakimu tisa zina siri, na huku wanatilia shaka mpango wa ibada, akawauliza: ikiwa hilo mmelikubali, kwa nini mnaona vigumu kuamini kwamba rakaa mbili za alfajiri, nne za adhuhuri na tatu za magharibi nazo zina siri yake?